Stesheni ya Pugu: ilikotoka, inavyofanya kazi, na mambo ya kujua kabla hujapanda treni

Wiki chache zilizopita mama mmoja kutoka kijiji kimoja cha Kisarawe alitupigia simu katika kipindi cha asubuhi. Alikuwa amepata taarifa za msiba: kaka yake amefariki Morogoro, na maziko ni siku hiyohiyo saa kumi jioni. Mjukuu wake akamkatia tiketi ya treni kwa simu. Mama akapanda bodaboda mpaka Pugu, akashuka stesheni, akakaa kwenye benchi kusubiri. Saa ya treni ikafika, ikapita. Alipouliza, akaambiwa treni yake imeshaondoka. Si kwamba alichelewa. Alikuwa amekaa kwenye stesheni ya reli ya zamani, na tiketi yake ilikuwa ya reli mpya.

"Mwanangu, nilifika Morogoro kwa basi watu wameshatoka makaburini," alitwambia. "Mimi najua Pugu stesheni ni moja tangu nazaliwa. Nani alitutangazia kwamba ziko mbili?"

Swali lake ni la haki, na baada yake simu nyingine ziliingia zenye maswali kama hayo. Wapo waliouliza kwa nini treni husimama Pugu muda mrefu bila sababu inayoonekana. Wapo waliouliza nauli. Yupo kijana aliyeuliza kama anaweza kupanda na gunia lake la mihogo. Basi tumeona tuandike makala hii ambayo unaweza kuisoma kwenye simu kwa nafasi yako, na kumsomea mzee nyumbani asiyeona vizuri herufi ndogo.

Pugu iko wapi

Pugu ni mji mdogo ulio kwenye vilima, upande wa kusini magharibi wa jiji la Dar es Salaam, umbali wa kilomita zipatazo 20 kutoka katikati ya jiji. Kiutawala uko Wilaya ya Ilala, lakini ukitoka hapo hatua chache tu unaingia Kisarawe, Mkoa wa Pwani. Kwa hiyo kwa watu wa Masaki, Msanga, Maneromango na vijiji vingine vya Kisarawe, Pugu ndiyo mlango wa jiji. Korosho, mihogo, nazi, machungwa na mafenesi ya huku kwetu hupita hapo kabla ya kufika masokoni.

Reli imekaa katika jina la mahali penyewe. Watu hutofautisha Pugu Kajiungeni, Pugu Mnadani na Pugu Stesheni, na Pugu Stesheni leo ni kata kamili yenye diwani wake. Si kila mahali jengo la treni linazaa kata.

Ilivyoanza

Reli inayopita Pugu ni Reli ya Kati. Iliwekwa na Wajerumani walipokuwa wanatawala nchi hii. Walikuwa tayari wameanza kujenga reli nyingine kutoka Tanga kuelekea Usambara mwaka 1893, lakini walitaka njia ya kuingia katikati ya nchi, kule ambako misafara ya wapagazi ilikuwa ikitembea kwa miguu miezi mizima kutoka pwani mpaka Tabora na Ujiji.

Ujenzi kutoka Dar es Salaam ulianza mwaka 1905. Kazi ilipewa kampuni ya Kijerumani ya Philipp Holzmann. Mwaka huohuo Vita vya Majimaji vililipuka kusini, lakini reli haikusimama. Maelfu ya vibarua wa Kiafrika walichimba, wakajaza tuta, wakabeba mataruma na vyuma. Kikwazo cha kwanza kikubwa baada ya kutoka mjini kilikuwa vilima hivi vya Pugu. Treni haipendi mlima. Magurudumu ya chuma juu ya chuma huteleza, kwa hiyo njia lazima ipande taratibu, kwa kuzunguka na kukata udongo. Ukisafiri leo kwa treni ya zamani utaona inavyopunguza mwendo na injini inavyonguruma ikikaribia Pugu.

Mwishoni mwa mwaka 1907 reli ilifika Morogoro. Mwaka 1912 ikafika Tabora. Mwaka 1914, miezi michache kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, ikafika Kigoma kwenye Ziwa Tanganyika, umbali wa kilomita 1,252 kutoka Dar es Salaam. Upana wake kati ya chuma na chuma ni mita moja kamili. Kumbuka kipimo hicho, maana ndicho kilichomponza mama yetu wa Kisarawe, kama tutakavyoeleza mbele.

Kutoka kwa Wajerumani hadi kwa Watanzania

Mwaka 1916 majeshi ya Waingereza na washirika wao yaliteka Morogoro mwezi Agosti na Dar es Salaam mwezi Septemba. Wajerumani walipokuwa wanarudi nyuma walilipua madaraja ya reli ili adui asiitumie. Waingereza wakayakarabati, wakaendelea na reli ileile, na mwaka 1928 wakamaliza tawi la kutoka Tabora hadi Mwanza. Hapo ndipo watu wa Kanda ya Ziwa nao walipoanza kupita Pugu wakielekea pwani.

Mwaka 1948 reli za Tanganyika ziliunganishwa na za Kenya na Uganda chini ya shirika moja la reli na bandari la Afrika Mashariki. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, Tanzania ikaunda Shirika la Reli Tanzania, TRC. Wazee wetu wengi wanalijua kwa jina hilo, na ndilo lililopo tena leo.

Katikati ya hapo palikuwa na kona. Mwaka 2007 uendeshaji ulikabidhiwa kwa kampuni iliyoitwa TRL, ambamo kampuni ya India ya RITES ilikuwa na hisa asilimia 51 na serikali asilimia 49. Mambo hayakwenda vizuri, na mwaka 2011 serikali ikachukua tena hisa hizo. Mwaka 2017 Sheria mpya ya Reli ikapitishwa, na TRC ikarudi kuwa shirika moja linalosimamia reli yenyewe na treni zinazopita juu yake.

Stesheni ilileta nini Pugu

Mtaa uliozunguka stesheni ulikua kwa sababu ya treni, lakini Pugu ilikuwa na mambo mengine mawili ambayo wasikilizaji wetu wengi wanayajua.

La kwanza ni shule. Wamisionari Wakatoliki walikuwa na shule kubwa ya wavulana Pugu, St. Francis. Mwalimu Julius Nyerere aliporejea kutoka masomoni Edinburgh mwaka 1952 ndipo alipokwenda kufundisha. Akiwa mwalimu wa Pugu ndipo TANU ilipoanzishwa, Julai 7, 1954, naye akawa rais wake wa kwanza. Mwaka 1955 aliacha ualimu ili ashughulike na siasa peke yake. Kwa hiyo kwa miaka ile michache mtu aliyekuja kuongoza nchi alikuwa mkazi wa Pugu, anayefundisha huku na kufanya siasa Dar es Salaam.

La pili ni mnada. Mnada wa mifugo wa Pugu ndio unaolisha nyama sehemu kubwa ya jiji. Ng'ombe hutoka Shinyanga, Mwanza, Tabora, Singida na Dodoma. Zamani wengi walikuja kwa mabehewa ya mifugo, wakishushwa Pugu kabla ya kuingia mjini. Siku hizi malori yamechukua kazi kubwa, lakini mnada umebaki palepale reli ilipouweka.

Miaka ya kudorora

Vijana wanaosoma makala hii huenda hawakumbuki, lakini kuna kipindi ambacho abiria wa Pugu alikuwa ameisahau treni. Injini zilizeeka, mabehewa yakapungua, na njia ikachakaa. Mwishoni mwa mwaka 2009 na mwanzoni mwa 2010 mafuriko ya Kilosa yalisomba reli vibaya kiasi kwamba treni za abiria za bara zikawa zinaanzia Dodoma. Mtu wa Dar es Salaam aliyetaka kwenda Kigoma kwa treni alilazimika kwanza kupanda basi mpaka Dodoma.

Wakati huohuo jiji lilikuwa linapanuka. Watu walihamia Gongo la Mboto, Pugu, Chanika na Kisarawe kwa sababu viwanja ni rahisi. Lakini kazi, hospitali kubwa na soko la Kariakoo vilibaki mjini. Barabara ikawa moja, magari mengi. Mtu aliamka saa kumi alfajiri ili afike kazini saa mbili asubuhi. Chuma cha reli kilikuwa kinapita pembeni ya nyumba yake, lakini hakuna treni ya kumbeba.

Treni ya jiji

Mabadiliko yalianza Oktoba 29, 2012. Siku hiyo zilizinduliwa treni mbili za abiria ndani ya jiji: moja ya Reli ya Kati kati ya stesheni ya Dar es Salaam na Ubungo, na nyingine ya TAZARA kwenda Mwakanga. Waziri wa Uchukuzi wa wakati huo alikuwa Dk. Harrison Mwakyembe, na wananchi wakaziita "treni za Mwakyembe". Ilikuwa mara ya kwanza kwa wakazi wengi wa jiji kuona treni kama daladala.

Mwaka 2016 huduma ya Reli ya Kati ikapanuliwa kwa treni ya Dar es Salaam hadi Pugu. Njia yake inapita Kamata, Buguruni, Vingunguti, Karakata na Gongo la Mboto. Imepangwa kumfaa mfanyakazi na mfanyabiashara mdogo: asubuhi inawapeleka watu mjini, jioni inawarudisha. Haina foleni ya magari, haikwami kwenye taa za barabarani, na behewa moja hubeba watu wengi kuliko daladala kadhaa.

Lakini tuseme ukweli. Treni hii hutumia reli ya zamani, na reli ya zamani ina udhaifu wake. Mvua kubwa za masika zikinyesha na Bonde la Msimbazi likajaa, maji hudhuru tuta na treni husitishwa mpaka mafundi wakague. Pia inatumia njia moja pamoja na treni za mizigo na za bara. Kwa hiyo kabla hujaitegemea kwa safari ya lazima kama kliniki, uliza siku moja kabla kama inatembea.

Reli mpya nayo inapita Pugu

Aprili 12, 2017 Pugu iliingia tena kwenye historia. Rais John Magufuli aliweka hapo jiwe la msingi la ujenzi wa reli ya kisasa, SGR, kipande cha Dar es Salaam hadi Morogoro. Kazi ilifanywa na kampuni ya Yapı Merkezi ya Uturuki, mwanzoni ikiwa pamoja na Mota-Engil ya Ureno. Kipande hicho kina jumla ya kilomita 300: kilomita 205 za njia kuu na kilomita 95 za njia za kupishania na za kwenye stesheni.

Abiria walianza kusafiri Dar es Salaam hadi Morogoro Juni 14, 2024. Julai 25 mwaka huohuo safari zikafika Dodoma, na Agosti 1, 2024 Rais Samia Suluhu Hassan akazindua huduma rasmi. Ukitoka Dar es Salaam kuelekea Morogoro, stesheni zake ni Pugu, Soga, Ruvu, Ngerengere, kisha Morogoro yenyewe. Pugu ni ya kwanza ukitoka katikati ya jiji.

Baadaye mwaka 2024 yakaja pia mabehewa yenye pua iliyochongoka na injini iliyojengewa ndani. Wananchi waliyapa jina la "mchongoko", na jina likakaa.

Stesheni mbili, tiketi mbili

Sasa turudi kwa mama yetu.

Reli ya zamani ina upana wa mita moja, yaani milimita 1,000. Reli ya kisasa ina milimita 1,435. Gurudumu la treni ya moja haliwezi kukaa kwenye chuma cha nyingine. Kwa sababu hiyo kila reli ina njia yake, jengo lake, wafanyakazi wake na tiketi zake, hata pale zinapopita jirani. Hata Dar es Salaam mjini, stesheni ya zamani na ile ya SGR ni majengo tofauti yenye milango tofauti.

Ukitaka kujua wewe ni abiria wa wapi, angalia mambo haya:

Tiketi ikiwa imeandikwa SGR, nenda jengo jipya. Lina geti linalosoma alama ya tiketi yako, na mizigo hupita kwenye mashine ya ukaguzi.

Ukiangalia juu ya njia ukaona nyaya nene na nguzo, hiyo ni SGR, maana treni zake zinatumia umeme. Njia isiyo na nyaya juu ni ya zamani, na injini zake ni za dizeli.

Kama unakwenda Buguruni, Vingunguti au Gongo la Mboto, hiyo ni treni ya jiji ya reli ya zamani. SGR haisimami huko.

Ukipanda bodaboda, usimwambie tu "nipeleke stesheni". Mwambie "nipeleke SGR" au "nipeleke stesheni ya zamani". Maneno mawili yangetosha kumfikisha mama yule mazishini.

Jambo lingine: si kila treni ya SGR inasimama Pugu. Treni ya kawaida husimama stesheni za njiani. Treni ya haraka hupita bila kusimama. Unapokata tiketi hakikisha umechagua "Pugu" kama mahali pa kupandia. Ukikata ya kuanzia Dar es Salaam, wewe ni abiria wa Dar es Salaam hata kama treni inapita mbele ya nyumba yako.

Saa iliyoandikwa kwenye tiketi

Wengi wameponzwa na hili pia. Tiketi huandikwa saa za mtindo wa 24, si saa zetu za Kiswahili. 06:00 ni saa 12 asubuhi. 09:30 ni saa 3 na nusu asubuhi. 16:00 ni saa 10 jioni. 18:00 ni saa 12 jioni. Njia rahisi kwa saa za mchana: toa sita. Kumi na sita toa sita, inabaki kumi. Kijana anayemkatia bibi yake tiketi amwandikie saa ya Kiswahili kwenye karatasi kabisa.

Fika mapema. Geti hufungwa kabla ya treni kuondoka, na treni haimsubiri mtu kama basi la kijijini ambalo konda anakujua kwa jina.

Nauli

Kwa nauli ambazo Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini, LATRA, ilizitangaza mwaka 2024 kwa treni ya kawaida ya SGR kutoka Dar es Salaam, mtu mzima analipa hivi:

Pugu, kilomita 19: shilingi 1,000
Soga, kilomita 51: shilingi 4,000
Ruvu, kilomita 73: shilingi 5,000
Ngerengere, kilomita 134.5: shilingi 9,000
Morogoro, kilomita 192: shilingi 13,000
Dodoma, kilomita 444: shilingi 31,000

Hesabu yake ni karibu shilingi 69 na nusu kwa kila kilomita, kisha inasawazishwa ifike elfu kamili. Mtoto wa chini ya miaka minne hasafiri kwa nauli, na wa miaka minne hadi 12 analipa nusu. Treni ya haraka na mchongoko zina nauli zake za juu zaidi. Nauli hubadilika, kwa hiyo hakikisha kiwango cha siku yako kwenye mfumo wa TRC au dirishani.

Tiketi unakata dirishani au kwa simu kupitia mfumo wa TRC. Unaingiza jina na namba ya kitambulisho, unapata namba ya malipo, unalipa kwa pesa ya simu, tiketi inakuja. Jina la kwenye tiketi liwe la msafiri, si la aliyelipa. Mjukuu akimkatia bibi tiketi, aandike jina la bibi, na bibi abebe kitambulisho chake.

Na usinunue tiketi kwa mtu anayekufuata nje ya stesheni akisema zimeisha ila yeye anazo mbili. Huyo ni mlanguzi. Kama tiketi ina jina la mtu mwingine utazuiwa getini, naye utakuwa humwoni tena.

Kwa nini treni husimama Pugu muda mrefu

Msikilizaji mmoja alilalamika kwamba treni ya zamani husimama Pugu "dereva anakunywa chai". Hapana. Reli ya zamani ina njia moja. Treni inayokwenda na inayorudi zinatumia chuma kilekile. Zinaweza kupishana kwenye stesheni tu, ambako kuna njia ya pembeni.

Utaratibu wake ni huu: kati ya stesheni na stesheni inaruhusiwa treni moja tu. Mkuu wa stesheni ya Pugu akitaka kuiachia treni, lazima kwanza awasiliane na mwenzake wa stesheni ya mbele na kuambiwa njia iko wazi. Akipata kibali ndipo dereva naye anapewa ruhusa ya kuondoka. Kama kuna treni ya mizigo inashuka kutoka Ruvu, yako itasubiri mpaka ile ifike na iingie njia ya pembeni. Dakika zile 20 unazolalamikia ndizo zinazozuia treni mbili zisikutane uso kwa uso.

SGR nayo ni njia moja yenye sehemu za kupishania, lakini uongozaji wake unafanywa kwa mitambo kutoka chumba kimoja kikuu, kwa hiyo kusubiri ni kufupi zaidi.

Usalama: hapa hatutanii

Reli ya zamani ina sehemu nyingi ambazo watu na magari hukatiza. Wengine wameigeuza njia ya miguu, wengine wanaanika mihogo kwenye kokoto. Treni haiwezi kukukwepa. Ina njia moja tu, na ikipigwa breki huhitaji mamia ya mita kabla haijasimama. Dereva anaweza kukuona, akapiga honi, akafunga breki zote, na bado akakufikia.

SGR imewekewa uzio, na watu hupita juu au chini yake kwa madaraja na makalvati. Usitoboe uzio ili ng'ombe wapite mkato. Treni yake imeundwa kwenda hadi kilomita 160 kwa saa. Hiyo ni mita 44 kila sekunde. Ukiiona kwa mbali kama kiberiti, huna muda unaodhani unao.

Na nyaya za juu zina volti 25,000, zaidi ya mara 100 ya umeme wa nyumbani. Umeme huo unaweza kuruka na kukupiga kabla hujagusa waya. Usiinue mlingoti, fito au bati karibu nao, na watoto wasirushe tiara upande huo. Ukiona mtu anakata nyaya au anafungua vyuma, toa taarifa kwa serikali ya kijiji au polisi. Anayeiba kipande cha shaba anaweka rehani roho za behewa zima.

Jambo la mwisho hapa ni ardhi. Pembeni ya reli kuna eneo la hifadhi ya reli. Kabla hujanunua kiwanja cha bei ya chini karibu na njia, nenda ofisi ya ardhi ya wilaya na uulize TRC. Tumewaona watu waliojenga kwa akiba ya miaka kumi wakaambiwa wabomoe, na muuzaji simu yake haipatikani.

Na gunia la mihogo?

Tumeliacha mwisho kwa sababu ndilo zito zaidi. SGR ni ya haraka na safi, lakini behewa lake la abiria limepangwa kwa mtu na begi lake. Lina kikomo cha mzigo, na vitu vinavyovuja, vyenye harufu kali au mifugo hai havipiti ukaguzi. Mama mwenye tenga la maembe na kijana mwenye magunia mawili hawajapangiwa nafasi pale.

Treni ya zamani iliwavumilia zaidi, lakini nayo ndiyo isiyotabirika. Kwa hiyo mkulima mdogo wa Kisarawe anaishi kati ya reli mbili, na mara nyingi mzigo wake unaishia kwenye bodaboda na lori, kwa gharama inayokula faida yake. Reli zote mbili zinapita kwake. Hili ni jambo la kulisema kwenye mikutano ya vijiji na kwa madiwani na wabunge: treni ya jiji ikitengewa behewa la mizigo midogo asubuhi, nani atafaidika zaidi kuliko mtu wa Msanga na mlaji wa Buguruni?

Kwa sasa ushauri wetu ni huu. Kama mzigo wako ni begi na kikapu kidogo, SGR itakufaa. Kama ni zaidi ya hapo, uliza kikomo dirishani kabla hujalipa. Kwa gunia, ungana na wenzako mkodi gari moja, gharama mgawane.

Mama yule wa Kisarawe alitupigia tena wiki iliyopita. Alikuwa anakwenda Morogoro kwenye arobaini ya kaka yake. Safari hii alimwambia bodaboda, "Nipeleke kwenye nyaya." Alifika mapema, akasubiri, akapanda. Akatuomba tuwaambie na wengine. Ndiyo tumewaambia. Kama una swali ambalo hatukuligusa, tupigie kwenye kipindi cha asubuhi, nasi tutalifuatilia.